Nilivyomfuata Omari wa Zumari hadi Minnesota

Mmenichosha. Tangu nirudi sijamaliza kikombe kimoja cha kahawa pale barazani bila mtu kunisogelea: "Haya Mbaruku, tupe habari za Amerika." Nikifungua mdomo, Hamisi anaingiza mpira, mwingine anauliza kama nimemletea simu, na hadithi inafia njiani. Basi nimeiandika. Atakaye asome, asiyetaka akae na mpira wake. Mambo ya viza na tikiti sitayagusa, maana nikiyakumbuka presha inapanda.

Kwa wale wasiojua nilikwenda kufanya nini, ni hivi. Mama yangu hajapata kuuona uso wa baba yake. Omari wa Zumari, aliyepulizia ngoma zote za mji huu, alifariki mama akiwa bado tumboni, na picha hakuacha hata moja. Alichonacho mama ni maneno ya dada yake mkubwa, Mungu amrehemu, aliyekuwa akimwambia: "Baba yetu alikuwa mzuri, mdogo wangu. Mrefu, pua kama upanga. Akipita, watu wananyamaza." Mama amekaa na maneno hayo umri wake wote. Sasa anakaribia miaka tisini na macho yanaingia ukungu, na daktari ametuambia ukungu huo ni wa kuzidi, si wa kupungua.

Hapo ndipo Salimu, mtoto wa huyo mama mkubwa, alipopiga simu kutoka Minnesota, anakouza mchele na viungo katika duka lake.

"Bro, nimempata Babu!"

Alikuwa amempata kwenye tovuti ya nyumba moja ya kumbukumbu huko Saint Paul. Zamani hizo daktari mmoja wa meno wa mji ule, nadhani alichoka na vinywa vya watu, alikuja Mombasa na kamera ya kuzungusha kwa mkono akachukua filamu. Filamu za enzi hizo zilikuwa bubu, hazina sauti hata ya mbu. Na yeye, kwa akili zake, akaona kitu cha kwenda kuchukua ni muziki. Alivuka bahari na chombo kisicho masikio ili amchukue mpuliza zumari. Kwa hiyo msinicheke mimi peke yangu kwa safari za kijinga.

Kwenye filamu hiyo, kabla ya picha, palitokea maandishi: "Omari, mpiga zumari wa Mombasa." Nyumba ya kumbukumbu ilikuwa tayari kutupa nakala, ila walitaka mtu wa familia aliyekulia Mji wa Kale aende akae nao, awaeleze ile ni ngoma gani na wale ni akina nani. Salimu akasema niende mimi. Nikamwambia filamu hiyo ilipigwa kabla mama hajazaliwa, mimi nitamjua nani? Akasema, "Sawa, lakini wewe ni mtu mzima."

Mombasa hadi Nairobi

Siku ya kuondoka mama alikuwa ameketi dirishani, mahali pake, anachagua mchele kwa vidole zaidi kuliko kwa macho. Nikasimama mbele yake kuaga.

"Nani? Mbaruku? Sogea, unaniziba mwanga."

Hiyo ndiyo dua yangu ya safari. Tangu macho yalipoanza kumsumbua, na hiyo ni miaka mingi, sijapata kusimama mbele ya mama bila kuambiwa nisogee. Nikasogea. Akanitafuta mkono, akaushika: "Niletee nimwone, mwanangu. Mara moja tu inanitosha."

Lazima niseme hapa jambo ambalo nyote mnalijua. Kwetu ni nyumba ya watu wazuri. Dada zangu walichumbiwa kabla ya kumaliza shule. Salimu akivaa kanzu ya Idi, hata paka wanageuka. Mimi nilitoka nilivyotoka: masikio ya kudakia stesheni za ng'ambo, pua ya kitunguu, na mashavu ya mtu aliyeficha kitumbua mwezi wa Ramadhani. Mama alikuwa akiwaambia majirani, "Huyu nilimwokota," wote wanacheka, na mimi nacheka, maana ungefanyaje?

Ndani ya treni nilikaa na bwana mmoja aliyenieleza Amerika kutoka Mariakani hadi Voi. Yeye mwenyewe hajafika. Alijua bei za nyumba, alijua tabia za polisi, alijua hata barabara ipi ina foleni. Mimi nilikuwa na mkate wa mofa na samaki wa kukaanga. Yeye akaeleza, mimi nikala, sote tukashuka Nairobi tumeridhika.

Nairobi hadi Ulaya

Ndege ilichelewa. Sababu hatukuambiwa. Kila baada ya kitambo binti mmoja alitangaza kwamba wanatushukuru kwa subira yetu. Mimi subira sikuwa nayo hata chembe, sijui alikuwa akimshukuru nani. Kisha tukaletewa biskuti na maji, kama watoto wa chekechea waliochelewa kufuatwa.

Jirani yangu pale alikuwa mama wa Kisii, nesi, mkaaji wa Minnesota miaka mingi, anaitwa Mama Brian. Alinitazama kuanzia kofia hadi makubadhi.

"Mzee, na jacket?"

"Nimeambiwa huko sasa ni majira ya maua kuchipua."

Alicheka mpaka akashikilia kiti. "Ni nani huyo alikudanganya? April ya Minnesota ni ya kukumbusha mtu dhambi zake." Akafungua begi lake akatoa koti, nene, refu, la rangi ya waridi, na manyoya shingoni. "Vaa hii. Mimi niko na ingine. Utanirudishia siku tutakutana kanisani."

"Mama, mimi Mwislamu."

"Basi utanirudishia tu."

Mwanamke ambaye asubuhi ile sikuwa namjua! Nikalivaa. Nilipita Ulaya nzima nikiwa na koti la waridi lenye manyoya, nikanywa kahawa yao ambayo ni maji yaliyosimuliwa habari za kahawa, na niseme kweli, baridi sikuisikia. Aibu niliisikia, lakini aibu haimpi mtu homa ya mapafu.

Uwanja wa ndege, Minneapolis

Bwana wa uhamiaji aliniuliza nimekuja kufanya nini. Nikamjibu kwa Kiingereza changu cha bandarini, kile nilichotumia na manahodha mpaka nikastaafu.

"Kumwona babu yangu."

"Anaishi wapi?"

"Alifariki zamani."

Akaacha kuandika. "Amezikwa hapa Minnesota?"

"La, Mombasa."

Akalitazama koti, akanitazama mimi. "Sasa hapa utamwonaje?"

"Yuko Saint Paul," nikasema. "Wamemhifadhi kwenye mkebe."

Ilikuwa kweli tupu, kwa maana filamu za zamani hukaa ndani ya mikebe ya bati, Salimu alinieleza. Lakini yule bwana uso ukamlegea, akaweka mkono kifuani, akaniambia pole sana, na kwamba hata yeye majivu ya nyanya yake wameyaweka kabatini. Nilipotaka kumsahihisha alikwisha kupiga muhuri. Nikaona si adabu kumkatiza mtu aliye kwenye huzuni.

Salimu alikuwa nje ananingoja. Hatukuwa tumeonana miaka kumi na zaidi, na neno lake la kwanza, kabla ya salamu alekumu, lilikuwa: "Hilo koti ni la nani?"

Crystal

Crystal ndicho kitongoji anakokaa Salimu. Mkewe, Rukia, anafanya kazi ya kuwahudumia wazee kwenye nyumba ya wazee, na baada ya shift nzima ya kuwainua watu wazima vitandani alikuwa amesimama jikoni ananipikia pilau. "Karibu shemeji, jisikie nyumbani," akasema, na kweli nilijisikia, mpaka Salimu aliponiteremsha kwenye basement. Hicho ni chumba cha chini ya ardhi. Kwetu aliye chini ya ardhi husomewa, kule huwekewa televisheni.

Na kwenye televisheni hiyo nikamwona. Kipande kifupi tu, kile kilichokuwa kwenye tovuti. Wazee wa Mombasa wamevaa kanzu na vilemba, wamepanga mstari, bakora mikononi. Nikalijua mara moja: Goma. Mnalijua Goma, ngoma ya heshima, mtu anainua bakora leo anaishusha kesho. Lakini kwenye televisheni ya Salimu wazee wale walikuwa wakirukaruka kama kuku waliomwagiwa maji moto. Na mbele yao, zumari mdomoni, amesimama kijana mrefu, mzuri, pua kama upanga.

"Tazama hiyo pua!" Salimu akasema, huku akishika yake. Alikuwa analia. "Hii pua ninayo, bro. Mamangu alisema kweli."

Nami nililia, sitaficha. Nilimwona mama dirishani, ameshika uso huu mkononi. Safari yote, biskuti zote, koti lote la waridi, nikaona halali.

Ila tulipoirudia mara ya pili, jambo moja lilinikera. Kila mtoto wa pwani aliyewahi kuhudhuria ngoma anajua kwamba mpuliza zumari hakati pumzi. Hewa anaiweka mashavuni, anavuta nyingine kwa pua, na mashavu yanajaa kama mahamri kwenye mafuta. Huyu mashavu yake yalikuwa yamelala usingizi.

"Salimu, mbona mashavu hayajai?"

"Bro, camera ya zamani. Quality."

"Quality inafuta mashavu peke yake?"

"Mbaruku," akasema kwa sauti ya mtu anayezuia hasira, "nishaagiza T-shirt."

Woodbury

T-shirt zenyewe zilikuwa Woodbury, upande wa pili kabisa wa miji ile miwili, Minneapolis na Saint Paul. Salimu alikuwa ameandaa sherehe, Siku ya Babu Omari, Jumamosi, ukumbini New Hope, na kila mtu angevaa uso wa Babu kifuani. Woodbury ni mahali ambapo maduka yote yalizaliwa siku moja na mama mmoja. Tuliegesha mbele ya duka, si lenyewe. Tukaegesha mbele ya lingine, si lenyewe, ingawa ningeapa ndilo lile la kwanza. "Hii njia nime-drive mara mia," Salimu akawa anasema, na simu yake ikawa inamwambia ageuke. Theluji ikaanza kuanguka, ile ya majira ya maua. Sambusa alizotufungia Rukia ziliganda kwenye kiti cha nyuma, tukazitafuna hivyo hivyo kama barafu za kijiti.

Tulizipata T-shirt. Uso wa yule kijana, na zumari lake mdomoni, ulikuwa mkubwa, kutoka shingo hadi kitovu. Salimu akavaa yake pale pale dukani.

Saint Paul

Kesho yake tulikuwa na miadi na nyumba ya kumbukumbu. Hatukufika. Theluji ilifunga barabara, nao wakapiga simu kusema wamefunga. Saint Paul iko ng'ambo ya mto tu, na mto wenyewe hauzidi kivuko cha Likoni. Mimi niliyevuka Atlantiki nilikaa dirishani Crystal nikila pilau la jana, nimeshindwa na mto.

Siku iliyofuata tulifika. Tukapokewa na mama mmoja mrefu, nywele nyeupe, anaitwa Ingrid, mtunzaji wa filamu. Alitufurahia kwelikweli. Akatuletea kahawa na keki moja ya bapa ya chokoleti iliyokatwa vipande vinne. Tukala kimoja kimoja, kikabaki kimoja. Ingrid akanisukumia. Nikasema asante, nimeshiba, kwa kutarajia anisihi, kama inavyotakiwa. Akanisihi. Nikakataa tena. Nami nikamsukumia yeye, akakataa. Kumbe watu wa kule nao wana adabu hii hii! Kipande kile kilizunguka meza mpaka tukaondoka, na hakuna aliyekila, na nilikitaka sana.

Adabu hiyo hiyo ndiyo iliyotuponza. Filamu yenyewe hatukuiona, kwa sababu nakala nzuri ilikuwa bado inatengenezwa. Lakini Ingrid, tangu alipoiona T-shirt ya Salimu, alikuwa na neno kooni.

"Hiyo shati," akasema, "inavutia."

"Ninayo yako kwenye gari!" Salimu akamjibu.

"Ni vyema sana. Huyu daktari wa meno, unajua, alikuwa na namna yake ya kufanya kazi. Tofauti kidogo."

"Alikuwa genius," Salimu akasema.

Ingrid akainamia kikombe chake. "Labda ingekuwa vizuri tutazame pamoja kabla ya sherehe?"

"Hapana, lete Jumamosi, tutazame na watu wote! Surprise!"

"Hilo nalo ni wazo," Ingrid akasema, na mimi nikadhani amelipenda. Rukia alinieleza baadaye kwamba mtu wa Minnesota akikuambia hilo nalo ni wazo, amekwisha kupiga mayowe.

New Hope

Ukumbi ulijaa. Watu wa Mombasa na Lamu, Wakisii na Wakikuyu, Wakongomani waliosikia kuna chakula, na Mama Brian, aliyekuja kwa ajili ya koti lake lakini aliponiona ninavyotetemeka akaniambia nikae nalo mpaka mwisho. Biriani lilipakuliwa, maulidi yakasomwa, Salimu akatoa hotuba ndefu juu ya pua. Kila kifua mle ndani kilikuwa na yule kijana mzuri. Changu pia, chini ya manyoya.

Taa zikazimwa. Ingrid akawasha mtambo, na picha ikaanza kwa ile kasi ya kuku na maji moto, maana Salimu aliomba waanze na kile kipande kinachojulikana. Mara sauti ikatoka nyuma: "Volume!"

"Ongeza sauti!"

"Papa, son iko wapi? Hatusikie!" akadakia Mkongomani mmoja, maana sauti kwao ni son.

Salimu akapaza sauti kwamba filamu haina sauti, ni bubu. Bwana mmoja akamwuliza, "Sasa mwanamuziki mmemchukua bila muziki?" Swali ambalo daktari wa meno angepaswa kuulizwa alipokuwa anapanda meli.

Hapo Ingrid akasimama. Adabu ilikuwa imemwishia, au imemshinda. Akaomba Rukia amtafsirie, na Rukia akatafsiri, mwanzo kwa sauti kubwa, kisha ndogo.

Akasema kamera zile zilizungushwa kwa mkono, polepole, na mitambo ya leo inaziendesha mbio. Sasa ameirudisha kwenye mwendo wake. Akasema tusimtazame aliye mbele, tuwatazame wachezaji, macho yao yanaelekea wapi. Picha ikaanza upya, na jamani, lilikuwa Goma! Wazee wakainua bakora kama wanavyoinua, kwa enzi yao, mpaka mtu mmoja nyuma akaanza kulia. Nami nikatazama macho yao. Hakuna hata mmoja aliyemtazama kijana mzuri. Wote walikuwa wakitazama pembeni, nje ya picha, kwa mtu tusiyemwona.

"Anasema," Rukia akatafsiri, "kamera haikuwa na masikio, kwa hiyo daktari hakujali nani anapiga. Alitaka sura. Kwenye filamu zake nyingine kijana huyu huyu yumo, mara amebeba mizigo, mara anapika. Alikuwa mpishi wake. Alipewa zumari ashike. Lakini watu hawawezi kucheza Goma bila zumari. Mpulizaji mwenyewe aliwekwa kando, asionekane."

Watu wakainamia T-shirt zao. Salimu alikuwa amesimama na mikono imefunika kifua chake, amefunika ule uso.

"Anasema mngoje kidogo."

Tukangoja. Na pembeni mwa picha akaingia mtu mfupi. Nadhani pumzi na ngoma vilimchukua, akasahau alikoambiwa akae. Alikuwa anapuliza, macho amefumba, mashavu yamejaa mpaka yanataka kupasuka. Masikio kama milango iliyoachwa wazi. Pua ya kitunguu. Mara mkono wenye shati jeupe ukatokea ukamsukuma begani, arudi nje. Ingrid akaisimamisha picha hapo hapo, kabla hajatoka.

Watu wakaanza kucheka. Nikajua wanacheka koti. Kule mbele nilikokaa, na manyoya shingoni, kwa nini wasicheke? Nikainuka nitoke nje kwa heshima zangu zilizobaki.

"Mzee, unaziba mwanga!" mtu akapiga kelele, kisha yule yule akasema, "Ya Rabi!"

Nilikuwa nimesimama katikati ya mwanga wa mtambo. Rukia aliweka mkono mdomoni. Mama Brian akasimama akanyoosha kidole, mara kwangu, mara ukutani, mara kwangu. Nikageuka. Ukutani, mkubwa kama mlango wa ghala, nilikuwapo mimi, na zumari mdomoni. Vigelegele vilipopigwa sikuvisikia vizuri, kwa sababu nilikuwa nalia kama mtoto.

Crystal, mara ya mwisho

Tulipofika nyumbani Salimu alishuka moja kwa moja chini. Alikaa basement na maboksi ya T-shirt, na nilipomfuata aliniambia bila kuniangalia, "Mamangu hakuwa mwongo."

"Alikuwa mtoto, Salimu. Alimpenda babake. Mtoto anayependa atamwona babake mfupi?"

"Basi mpelekee mamako, khalati yangu, huyu mzuri." Akanisukumia T-shirt. "Macho yake yanakwisha. Amengoja miaka yote hiyo mtu mrefu, pua ya upanga. Wewe ndio umpelekee…" Akanitazama, akashindwa kumalizia.

"Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti," Rukia akasema kutoka ngazini. "Na njia ya mwongo ni fupi."

Ni rahisi kusema methali kama si wewe utakayesimama mbele ya mama. Wallahi, usiku na mchana wa kurudi, juu ya mawingu yote yale, nilikuwa nimekubaliana na Salimu. Uso mbaya nimeuzoea, mimi ndiye mwenyewe. Lakini kumnyang'anya mwanamke wa miaka tisini baba mzuri, nikamkabidhi huyu wangu? Nilitia vyote viwili kwenye begi, T-shirt, na kompyuta ya kushika mkononi aliyonipa Ingrid yenye filamu ndani, na nikaamua nitatoa T-shirt. Koti nilimrudishia Mama Brian kabla ya kupanda ndege. Alilinusa akasema lina harufu ya biriani.

Mombasa

Mama alikuwa dirishani. Sikusimama mbele yake, nilipiga magoti pembeni, nikampa T-shirt. Akaileta karibu na macho mpaka ikamgusa pua, akaizungusha kwenye mwanga. Akatabasamu.

"Mzuri huyu. Kama alivyosema dada." Akaendelea kuitazama, na tabasamu likaanza kupungua. "Mbona hapulizi?"

"Mama?"

"Zumari liko mdomoni na mashavu yamelala. Huyu anapiga mswaki." Akaiweka chini. "Baba yangu mimi alikuwa mpuliza zumari. Huyu ni nani?"

Daktari wa meno angefurahi kusikia hilo. Mimi nilifungua kompyuta ile, nikaongeza mwanga mpaka mwisho, nikamwekea. Wazee wakainua bakora. Nikamwambia atazame pembeni. Mtu mfupi akaingia, amejaa mashavu, macho kafumba, na kabla ule mkono haujamsukuma nikasimamisha.

Mama alikaa na kile kioo usoni muda mrefu, mwanga wake ukimpiga kwenye mashavu. Nikajua nimemvunja moyo. Nikainuka, nikajikuta nimesimama mbele ya dirisha, na kwa mazoea nikaanza kusogea.

"Unakwenda wapi?"

"Nakuziba mwanga, mama."

"Rudi hapo."

Nikarudi. Akaniinamisha, akanishika masikio yote mawili kwa vidole vile vya kuchagulia mchele, akaja kwenye pua, akaja kwenye mashavu, akayabonyeza.

"Jaza," akaniambia.

Nikavuta pumzi nikayajaza. Mama akaanza kulia na kucheka kwa pamoja, na hakuniachia.

"Umri wote huu naulizia sura ya baba yangu," akasema, "na kila akija kusimama mbele yangu, namwambia asogee."